Punje za Wimbi, Nyongeza, na Namba ya Mwisho

Jumatatu, 12 Mei 2025

Binti yangu Sheila amepata kosa lake la kwanza la hisabati tangu aanze shule. Kosa ni langu.

Naliandika hapa kwa kuwa daftari hili halisomwi na mtu. Ijumaa iliyopita aliniuliza nimtajie mfano wa seti isiyo na kikomo. Yuko Gredi ya Nane. Alinieleza kwamba seti ni mkusanyo wa vitu vinavyojulikana wazi; seti nyingine ukizihesabu unafika mwisho, nyingine hufiki. Nilikuwa nafunga mikungu ya ndizi, mikono imejaa utomvu. Nikamwambia aandike punje za wimbi kwenye gunia. Nani amewahi kuzimaliza?

Akaandika. Leo karudi na alama nyekundu ya kukosa, kubwa kama mguu wa jogoo.

Haron akalichukua daftari kabla yangu. Haron ni mdogo wangu. Mimi niliishia Darasa la Saba; yeye nikamsomesha kwa ndizi mpaka chuo cha ualimu. Alihitimu mwaka juzi na tangu hapo anakaa kwangu akingoja kazi. Kila kitu kisicho na kikomo anachokijua kijana huyu kimelipiwa na ndizi zenye kikomo.

Akamwambia mtoto kwamba kingi si sawa na kisichoisha. Punje ya mwisho ya wimbi ipo ndani ya gunia. Kinachokosekana ni mtu wa kuketi mpaka aifikie. Sheila akasema aaa.

Ile aaa. Miaka kumi na minne ile aaa ilikuwa yangu. Kabla hajaanza nasari nilimfundisha kuhesabu vidole vya chane, kisha machane ya mkungu, kisha mikungu ya lori. Soko zima la Nyamache linanijua. Nikilitazama lori mara moja nakutajia mikungu iliyomo. Nikikosea, nakosea kwa mmoja, na huo ni ule ambao dereva ameuficha chini ya kiti.


Jumanne, 13 Mei

Habari mbaya zaidi. Shule itafanya Siku ya Hisabati Alhamisi ya wiki ijayo, wazazi wote waalikwe. Sheila amechaguliwa kufundisha seti mbele ya watu. Kila mtoto atasimama na mtu mzima mmoja kutoka nyumbani kwao.

Mmoja.

Nikamuuliza Sheila atasimama na nani. Akaniita Tata, yaani baba, kama kawaida, akasema bado anafikiria.

Anafikiria. Mwaka jana hakufikiria. Mwaka jana alinivuta kwa mkono mpaka mbele tukagawanya mkungu kwa watoto thelathini na sita, na watu wakapiga makofi.

Mke wangu Gladys ameniambia niache kuiangalia sahani ya Haron. Sikuwa naiangalia. Niliona tu kwamba ameongeza ugali mara ya tatu. Ugali wa wimbi wa nyumba hii ni seti yenye kikomo. Mbona hilo halimfundishi mtoto?


Alhamisi, 15 Mei

Nimepata dawa. Haron alisema punje ya mwisho ipo. Kusema ni rahisi. Mimi nitaileta mezani na namba yake.

Nikapima wimbi gorogoro moja, lile kopo la kupimia la sokoni, nikaimwaga juu ya turubai. Asubuhi yote nikahesabu moja moja. Nilipofika elfu mbili mia tatu na kitu Gladys akaniuliza kama nimekula. Nikasahau kile kitu. Nikaanza upya.

Mchana akili ya biashara ikanirudia. Nani huhesabu ndizi za lori moja moja? Nikachukua kijiko cha chai, nikakisawazisha kwa kisu. Nikahesabu kijiko kimoja, kisha cha pili, kisha cha tatu. Wastani, punje elfu moja mia nne. Gorogoro imetoa vijiko mia tano na sabini. Kwa hiyo punje laki saba na tisini na nane elfu. Sikutumia simu. Nilitumia kichwa na mkaa ukutani.

Kuku watatu walivamia turubai nilipokuwa ukutani. Nimewatoa kwenye hesabu. Kuku mwenye njaa hudonoa mara moja na nusu kwa sekunde. Nilichelewa sekunde arobaini. Wamekula punje mia moja na themanini. Gladys anasema hesabu hiyo nitaila mimi jioni badala ya ugali.


Ijumaa, 16 Mei

Niliwakusanya sebuleni saa kumi. Nikatangaza idadi, kuku wakiwemo. Sheila akatoa macho. Nikaona ile aaa inakuja, iko mdomoni kabisa.

Haron akasimama akanipa mkono. Akasema kaka, hongera, umethibitisha vizuri kuliko kitabu. Punje zina idadi, kwa hiyo seti ina kikomo. Ndivyo alivyokuwa amesema.

Sheila akapiga makofi. Sijui alimpigia nani.

Siku nzima nimeinama juu ya turubai kujaza maji kwenye mtungi wa Haron!

Sikukubali kuondoka hivyo. Nikasema sawa, kama hata wimbi huisha basi kila kitu huisha, hakuna kisicho na mwisho. Akajibu kwa upole wake ule unaoniudhi kwamba namba haziishi. Nitaje namba kubwa kuliko zote, yeye ataongeza moja. Nikataja milioni. Akasema milioni na moja. Nikataja bilioni mia tisa. Na moja. Nikataja moja iliyonichukua pumzi nzima. Akasema, hiyo hiyo, na moja. Hakutoa hata jasho. Mimi nabeba mzigo wote kutoka shambani, yeye anaweka kidole juu yake kisha anasema ameubeba.

Ndipo Gladys akatazama dirishani akasema jua linazama, Sabato inaingia, tufunge kazi. Nikasema kuhesabu si kazi kama hakuna kinachouzwa. Mzee Bosire, mzee wa kanisa letu, alikuwa akipita njiani kwenda kwake. Nikamuuliza akiwa ng'ambo ya ua. Alinitazama shati lililolowa akasema, Anyona, mtu anayetokwa jasho namna hiyo anafanya kazi.

Nikaingia ndani. Nilikuwa nakaribia kushinda.


Jumamosi, 17 Mei

Naandika jua likiwa limeshatua.

Kanisani Mzee Bosire alisoma kuhusu mchanga wa pwani usiohesabika. Furaha ilinijaa. Nikamgeukia Haron nimwone akishindwa na Maandiko. Alikuwa akimnong'oneza Sheila kwamba mchanga usiohesabika na mwanadamu bado unaweza kuwa na kikomo.

Huyu kijana sasa anamtia Nabii alama ya kukosa.

Baada ya ibada nikaenda kumshtaki. Mzee Bosire akafikiri, akajikuna kidevu, akasema Haron hajakosea. Sisi hatuwezi kuuhesabu mchanga, lakini aliyeuumba ana idadi yake. Akaongeza kwamba kijana huyo ana akili, nimemsomesha vizuri, Mungu anibariki.

Nimebarikiwa. Nimekwenda nyumbani kwa njia ya nyuma.


Jumatatu, 19 Mei

Nimesikia upuuzi mkubwa kuliko yote na umesemwa mezani kwangu.

Haron alichora mistari miwili kwenye daftari la Sheila. Juu namba zote: moja, mbili, tatu. Chini zinazogawanyika kwa mbili: mbili, nne, sita. Akaipa kila ya juu mwenzake wa chini. Moja na mbili. Mbili na nne. Tatu na sita. Hakuna inayobaki bila mwenzake, juu wala chini, hata uende mpaka wapi. Kwa hiyo, akasema, zile za chini ni nyingi sawa na zote, ingawa umeruka nusu.

Nikamwambia aende na hesabu hiyo sokoni Nyamache Alhamisi. Ampe mnunuzi wa Kisii mjini nusu lori amwambie ni sawa na lori zima. Aniambie watamzika wapi.

Alicheka, akasema kwa lori sitakosea kamwe kwa sababu lori lina kikomo. Ni kwenye seti isiyo na kikomo tu ndiyo mambo hugeuka. Kisha akamwambia Sheila kwamba kupanga wenzi hivyo ni hesabu ya kale kabisa, na kwamba hata mimi huitumia. Tunapopakia, kila mkungu ukipanda lorini mpakiaji huangusha ukamba mmoja wa mgomba mkavu kikapuni. Job anayenipakilia hajui kuandika jina lake, lakini kamba zake na mikungu hulingana, na anajua hakuna ulioibwa.

Sheila akaruka kitini. Kumbe Tata ndivyo anavyofanya siku zote!

Ndivyo. Siku zote. Nimefanya miaka ishirini na mbili, kumi na minne mbele ya macho yake, na hakuwahi kuruka. Haron ameichukua kamba yangu, ameipeleka chuoni, ameirudisha nyumbani ikiwa yake.


Jumanne, 20 Mei

Mpango mpya. Huu hauna kuku.

Sheila hawezi kusimama na mtu ambaye hayupo. Nimemwambia Haron kwamba wazazi wameafikiana kumpa mwalimu mkuu, Madam Bitutu, zawadi ya jiwe la kuchongwa, na fundi mwenyewe ni Obwocha wa Tabaka, na zawadi itachukuliwa Alhamisi asubuhi tu, si kabla. Kutoka huku Nyamache ushuke mpaka Kisii mjini, upande gari lingine mpaka Tabaka, umngoje fundi, urudi. Atafika sherehe zimekwisha na viti vimerudishwa darasani.

Wazazi hawajaafikiana chochote. Obwocha sijampigia simu. Namjua kwa jina tu, kutoka kwa mtu aliyenunua kiboko cha jiwe kwake.

Haron akasema sawa kaka. Hakuuliza hata mbona yeye. Hiyo ndiyo tabia yake. Hakupi hata sababu ya kumkasirikia, unabaki unaitafuta mwenyewe.


Jumatano, 21 Mei

Saa saba mchana Sheila alinijia shambani akasema, Tata, kesho uje na ndizi mbivu kumi na nane kwenye kikapu. Hesabu ziwe kumi na nane kamili. Utasimama na mimi.

Nikasema nilijua tangu mwanzo.

Akaeleza. Yeye atakuwa mnunuzi, mimi niwe mimi. Atanunua ndizi moja kisha ataniomba nyongeza, kama akina mama wanavyoniomba sokoni, na mimi nitatoa moja juu. Kisha ataomba tena. Nitoe tu kila anapoomba, nisiseme kitu. Nikauliza na mwisho wake? Akasema mwisho wake ni kikapu kitakapoisha, basi, hapo atawaeleza watu. Kisha akasema baba mdogo Haron amemsaidia kuupanga na ataketi mstari wa mbele kutazama.

Ndipo nikamkumbuka Haron.

Kushinda bila aliyeshindwa kuona ni sawa na kuvuna bila soko. Lazima awepo. Lazima aketi pale pale mbele aone ni nani aliyechaguliwa. Nikakimbia nyumbani kufuta safari. Gladys akasema Haron ameondoka tangu asubuhi. Amekwenda leo makusudi, ili kesho asimkose Sheila.

Nikapiga simu. Alikuwa kwa Obwocha. Akasema fundi hana habari ya zawadi yoyote, lazima simu yangu ilipotea njiani, lakini nisijali. Amemwomba aanze kuchonga sasa hivi. Atalala huko na kutoka na gari la kwanza.

Nimeomba Mungu gari la kwanza lisiharibike. Sijawahi kumwombea Haron kitu kwa bidii hivi.


Alhamisi, 22 Mei

Nimeshinda. Watu wengine wanaeleza vingine. Naandika ilivyokuwa.

Uwanja ulijaa. Nilivaa koti la harusi. Job alibaki langoni na mkokoteni wenye mikungu minne, kwa ajili ya soko baadaye. Haron akaingia watu wakiwa wameshaketi, vumbi jeupe la mawe mpaka kwenye nyusi, amebeba kifurushi cha gazeti. Aliketi mstari wa mbele. Akanipungia mkono.

Sheila akanunua ndizi. Akaomba nyongeza. Nikampa. Mama mmoja akasema leo Anyona ametoa nyongeza bila kugombana, andikeni tarehe. Watu wakacheka. Sheila akaomba tena, nikampa. Akaomba tena. Watoto wakawa wanahesabu kwa sauti. Tano. Sita. Saba.

Kumi na sita nikatazama ndani ya kikapu. Kumi na saba nikamtazama Haron. Alikuwa anatabasamu, lile tabasamu la mtu anayejua moja imebaki. Hapo nikauelewa mpango. Angepanga nini kingine? Mtoto wangu mwenyewe angeonyesha kikapu kitupu awaambie watu wote wa Nyamache: hii ndiyo seti yenye kikomo, kikapu cha baba yangu.

Nikatoa ya kumi na nane. Sheila akageukia watu, akafungua mdomo.

Nikasema, ngoja mama. Nikapiga mluzi.

Job akaja na mkokoteni. Mikungu minne, machane tisa kila mmoja, vidole kumi na vinne kila chane. Mia tano na nne. Nikampa ya kumi na tisa. Sheila akaninong'oneza, Tata, basi. Nikampa ya ishirini, ingawa zilikuwa mbichi. Akaniambia tena, Tata, imetosha, nilitaka iishe. Nikamwambia kwa sauti, Haron asikie, kwamba kwa Anyona haiishi. Mikono yake ikajaa, kwa hiyo nikawapa walioketi karibu. Wazazi wakapanga foleni. Mtu akaniuliza kama nyongeza ni kwa waliosajiliwa tu. Mzee Bosire alichukua mbili na kusema si Sabato.

Mia tano na nne ziliisha. Naandika ukweli. Nikatoa kofia. Nikatoa kamba ya mkokoteni. Nikatoa kalamu. Kisha nikamwona Haron na kile kifurushi magotini, nikakichukua, nikampa mtu aliyekuwa wa kwanza kwenye foleni. Alikuwa Madam Bitutu mwenyewe, amekuja kuniomba niache. Alifungua akakuta jiwe limechongwa kikapu cha ndizi, kazi safi sana, na jina lake chini. Akaenda kugonga kengele.

Uwanja ukatulia. Sheila alisimama katikati ya maganda, ndizi mpaka mabegani, akanitazama muda mrefu. Nilidhani atalia. Akawageukia watu akasema kwamba kikapu kina kikomo, na mkokoteni una kikomo, hata punje za wimbi zina kikomo, babake alizihesabu. Lakini namba hazina. Namba, akasema, ni kama Tata. Ukidhani amefika mwisho, ataongeza moja.

Makofi yalikuwa mengi. Haron alisimama wima na machoni kulikuwa na maji. Wivu, bila shaka. Au vumbi la Tabaka.

Sheila amepewa nafasi ya pili. Ya kwanza ilimwendea mtoto ambaye mzazi wake alifuata maagizo.

Nimeyafikiri maneno ya Sheila njia nzima. Kuna kosa. Nina miaka arobaini na saba na urefu wa futi tano na inchi sita. Nina kikomo kila upande. Lazima ni Haron aliyemfundisha hivyo.


Jumatatu, 26 Mei

Haron ameondoka. Madam Bitutu aliuliza ni nani aliyemwandaa mtoto yule, nikasema mimi, Sheila akasema baba mdogo. Dada yake Madam anaongoza shule huko Nyamarambe na anatafuta mwalimu wa hisabati. Asubuhi nimemsindikiza Haron mpaka barabarani. Nilimbebea sanduku. Alinishukuru kwa kumsomesha, akataka kuendelea, nikamwambia gari litamwacha.

Ugali umebaki sufuriani. Gladys aliuangalia, mimi nikauangalia.

Sasa Sheila ni wangu. Nikamuuliza kama ana swali lolote la hisabati. Akasema hana, yote anayaelewa. Amekwenda kwa jirani yetu Mama Nyasani kujifunza kushona. Mama Nyasani ana cherehani. Kwani mshono una nini ambacho mimi sina?


Ijumaa, 30 Mei

Hakuna namba ya mwisho, walisema. Walijuaje? Nani alikwenda akatazama? Hata punje za wimbi waliziogopa mpaka nilipoketi.

Nilianza Jumanne alfajiri, kutoka moja. Nahesabu nikifunga mikungu, nikishuka mtoni, nikimngoja mnunuzi. Sitaji hovyo kama siku ile na Haron. Naenda kwa mpangilio, hatua kwa hatua, hakuna ya kujificha chini ya kiti. Gladys ananiongelesha kwa mikono.

Sheila ameacha cherehani. Tangu juzi huja kuketi nami kwenye migomba baada ya shule na kikapu cha Job. Kila nikifika elfu anaangusha ukamba mmoja. Leo ameniuliza, Tata, ukiifikia, halafu? Nikamwambia halafu tutampigia Haron. Akacheka mpaka akaegemea bega langu. Karibu anipotezee hesabu.

Haron mwenyewe alipiga saa kumi na moja kutusalimu. Anapendwa huko Nyamarambe, watoto mia mbili na sita. Nikamwambia nilipofika. Akasema kwa upole ule ule, na moja, kaka. Sikukasirika. Sasa ana madarasa ya kufundisha na daftari za kusahihisha, atachoka.

Jua linashuka, Mzee Bosire ameshapita mara mbili kuhakikisha. Nimesimama kwenye elfu thelathini na moja mia nne na kumi na mbili. Nimeiandika mkononi, na Sheila ameiandika kwake. Jumapili asubuhi tunaendelea.

Iko karibu. Nikinyamaza naisikia.